Waya wa Kiyoyozi: Tunabishana Unene, Moto Unaanzia Kwenye Maungio

Joto la Dar es Salaam likianza kupanda mwezi Novemba, maduka ya Kariakoo hujaa maboksi ya viyoyozi na mabishano huanza upya. Muuzaji anasema mashine ni ndogo, chomeka tu kwenye soketi. Fundi wa gesi anasema ni lazima ivutwe laini kutoka meinswichi. Anakuja fundi umeme, anautazama waya wa milimita za mraba 2.5 uliokwisha kununuliwa, anatikisa kichwa na kudai wa 4. Kisha jirani, ambaye breka yake ilikuwa ikiruka kila usiku, anashauri iwekwe kubwa zaidi, maana yeye aliibadilisha na tangu hapo imetulia. Mwenye nyumba anabaki na majibu manne kwa swali moja, na kila aliyejibu hana shaka hata kidogo.

Tatizo ni kwamba hakuna kati yao aliye mjinga. Kila jibu lina mahali pake pa kweli, na lina mahali ambapo likifuatwa linaweza kuunguza nyumba.

Mkanganyiko unatoka wapi

Nyumba nyingi za mijini zilitandazwa nyaya kwa ajili ya taa, televisheni, friji, pasi na pengine birika la umeme. Hivi ni vifaa vya kuwaka na kuzima. Birika la wati 2,200 huvuta karibu ampea 10, zaidi ya kiyoyozi cha kawaida, lakini maji yakichemka linazimika, na waya unapata muda wa kupoa. Kiyoyozi huwashwa saa mbili usiku na kuachwa hadi alfajiri. Mzigo wake si mkubwa, ila haupumziki, na udhaifu ambao birika halikuufichua kwa miaka kumi, kiyoyozi huufichua kwa wiki moja.

Sababu ya pili ni mgawanyo wa kazi. Anayefunga kiyoyozi mara nyingi ni fundi wa majokofu. Anajua mabomba, gesi na pampu ya kunyonya hewa, na bei yake huhesabiwa kwa mita za bomba la shaba. Anayejua meinswichi ni mtu mwingine, na hakuitwa. Pale ofa ya duka inaposema "ufungaji bure", soma vizuri: kwa kawaida ubure huo unaishia kwenye waya uliotoka na mashine. Kinachobaki kati ya mashine na meinswichi hakina mwenyewe, na kazi isiyo na mwenyewe humalizwa kwa tepu nyeusi.

Ya tatu ni lugha ya kibandiko. Mtu ananunua "AC ya BTU 12,000" au "hospawa moja na nusu" akidhani hizo namba zinasema mashine inakula umeme kiasi gani. BTU hupima joto linalotolewa chumbani kwa saa moja. BTU 12,000 ni kama kilowati 3.5 za ubaridi, lakini umeme unaoingia ni karibu theluthi ya hapo, kilowati moja na kidogo, kwa sababu mashine inahamisha joto tu, hailitengenezi.

Kwanza mzigo wenyewe

Kwa umeme wetu wa volti 230, kiyoyozi cha BTU 9,000 huvuta takriban ampea 4 kikiwa kazini, cha 12,000 ampea 5 hivi, cha 18,000 karibu 8, na cha 24,000 kati ya 10 na 12. Lakini kwenye bamba la mashine huwa kuna namba mbili, ya kawaida na ya juu kabisa. Hesabu ya waya hufanywa kwa ile ya juu, hasa kwa mashine za inveta ambazo joto likizidi hujisukuma mbali kuliko namba ya kawaida.

Kuna pia ule msukumo wa kuwaka. Kompresa ya kizamani, isiyo ya inveta, huvuta mara tano hadi saba ya mzigo wake kwa sehemu ya sekunde. Ya inveta huanza polepole. Hili tutalirudia, kwa sababu ndilo linalowafanya watu waongeze breka bila sababu.

Hoja ya "chomeka tu"

Wanaotetea soketi wana hoja nzito kuliko wanavyopewa. Plagi yetu ya miguu mitatu ya mraba imetengenezwa kwa ampea 13 na ina fyuzi yake ndani. Mashine ya ampea 4 iko mbali na kikomo hicho. Viyoyozi vingi vya dirishani na vya magurudumu hutoka kiwandani na plagi tayari. Na kuna jambo ambalo mafundi hulipuuza: mpangaji hana ruhusa ya kuchimbua ukuta wa mwenye nyumba. Kumwambia avute laini mpya ni kumwambia alale na joto.

Udhaifu uko kwenye soketi yenyewe. Umeme hupita kwenye vipande vidogo vya shaba vinavyobana mguu wa plagi. Soketi ikiwa nzima, mbano ni mkali na hakuna joto. Ikiwa ya bei ya chini, au imechomekwa na kuchomolewa miaka mingi, mbano hulegea na ukinzani huzaliwa hapo. Chukua ukinzani wa omu 0.3 tu, kitu ambacho hakuna anayekiona kwa macho. Ampea 10 zikipita hapo, joto lake ni 10 mara 10 mara 0.3, yaani wati 30. Hicho ndicho kiwango cha joto cha kifaa anachotumia fundi redio kuyeyushia risasi, na hapa kimewekwa ndani ya kipande cha plastiki ukutani, nyuma ya kitanda, usiku kucha.

Breka haitaruka. Umeme haujazidi, tena umepungua kidogo kwa sababu ya huo ukinzani. Fyuzi ya plagi nayo haitakatika, maana fyuzi ya 13 huweza kubeba hata ampea 20 kwa dakika nyingi. Kifaa cha kunasa umeme unaovuja hakitashtuka, kwa kuwa hakuna kinachovuja. Katika meinswichi ya nyumba ya kawaida hakuna chombo kinachouona mguso uliolegea. Kinachouona ni bisibisi, na pua ikishasikia harufu ya plastiki.

Kwa hiyo "chomeka tu" inakubalika kwa mashine ndogo, kwenye soketi mpya yenye jina, isiyotumiwa na birika wala pasi kwa wakati mmoja. Ekstensheni haikubaliki kwa hali yoyote. Waya wake mara nyingi ni mwembamba kuliko uliomo ukutani, na unaongeza maungio mengine kadhaa kati ya mashine na umeme.

Hoja ya waya mnene

Upande wa pili wapo wanaosema wa 4, wengine wa 6, ili kulala usingizi. Hoja yao ya kwanza ni kushuka kwa volti. Waya wa shaba wa 2.5 hupoteza takriban milivolti 18 kwa kila ampea kwa kila mita. Chumba kikiwa mita 20 kutoka meinswichi na mashine ikivuta ampea 7, kinachopotea ni volti 2.5, asilimia moja tu. Hapo mnene haununui kitu. Kwenye nyumba ya uani, mita 60 na mashine ya ampea 12, wa 2.5 hupoteza karibu volti 13, ambazo zimepita kikomo cha asilimia 5, na wa 4 hupoteza 8. Hapo wana haki.

Hoja yao ya pili ndiyo yenye nguvu, ingawa wengi wao hawaisemi: joto la dari. Majedwali ya kanuni za Uingereza za BS 7671, ambazo mafunzo mengi ya umeme Afrika Mashariki yamejengwa juu yake, yanautambua waya wa 2.5 ndani ya bomba la ukutani kuwa unabeba ampea 24. Lakini namba hiyo ni ya hewa ya nyuzijoto 30. Juu ya dari, chini ya bati, mchana wa Februari, nyuzijoto 50 si ajabu, na waya wa plastiki ya kawaida pale hubaki na asilimia 71 ya uwezo wake. Ukipitishwa bomba moja na laini nyingine, punguza tena hadi asilimia 80. Zidisha: 24 mara 0.71 mara 0.8 ni ampea 13.6. Waya ulionunuliwa ukiwa na ampea 24 umefika darini ukiwa na 13.6, na breka ya 20 iliyo mbele yake haina habari. Wa 4, katika mazingira hayohayo, hushuka kutoka 32 hadi 18.

Kwa hiyo anayeuliza "waya wa ngapi" bila kusema unapita wapi hajauliza swali lililokamilika, na fundi anayemjibu bila kupanda darini amebahatisha.

Mnene una gharama zake. Shaba ya 4 ni mara 1.6 ya shaba ya 2.5, na bei hufuata. Halafu matundu ya soketi na swichi nyingi hayaupokei vizuri waya mnene: fundi anapunguza nyuzi kadhaa kwa plaizi ili uingie, anafunga skrubu, na unene wote uliolipiwa unaishia kwenye nyuzi tatu zilizobanwa upande. Hapo tumerudi kwenye mguso uliolegea.

Breka ni ya nani

Jirani aliyeweka breka kubwa ndiye wa kuogopwa zaidi katika mjadala huu. Amejenga imani kwamba breka ni ya kiyoyozi. Breka inalinda waya uliozikwa ukutani, na ndiyo maana ukubwa wake hufuata waya, haufuati mashine. Tena breka ya 32 haikatiki kwenye ampea 32. Kwa kiwango cha kimataifa inapewa hadi saa nzima kukatika mzigo ukifika mara 1.45, yaani ampea 46. Nyuma ya breka hiyo kuna waya wa 1.5 uliotoka na mashine, wenye uwezo usiofika nusu ya hapo. Likitokea tatizo ndani ya kompresa, waya huo ndio utakaogeuka fyuzi.

Mbona basi breka yake ilikuwa inaruka? Sababu huwa moja kati ya tatu. Laini ilikuwa inabeba vitu vingi mno, na dawa yake ni laini ya peke yake. Au skrubu ya breka ilikuwa imelegea ikaipasha joto breka yenyewe, na dawa ni kukaza. Au kompresa ilikuwa inaikata kwa msukumo wa kuwaka. Hili la tatu lina dawa ambayo wengi hawaijui, nayo imeandikwa kwenye uso wa breka kama herufi kabla ya namba. Breka ya B hukatika papo hapo umeme ukifika mara 3 hadi 5 ya namba yake, ya C mara 5 hadi 10. Mashine ya BTU 24,000 isiyo ya inveta inaweza kupiga ampea 66 ikiwaka. B16 inaweza kuruka, C16 itavumilia. Kilichohitajika ni kubadili herufi. Namba ibaki palepale.

Ethi, sehemu isiyobishaniwa

Ajabu ni kwamba katika mabishano yote haya ethi haitajwi sana, na ndiyo inayoamua nani ataishi. Kiyoyozi ni bati na mapezi ya alumini yanayotiririka maji, na sehemu yake ya nje mara nyingi iko barazani, mahali mtoto anapocheza.

Nyumba nyingi za kwetu hutegemea fimbo yake yenyewe iliyopigwa ardhini. Kwenye udongo mkavu wa kichanga si jambo la ajabu fimbo kuwa na ukinzani wa omu 50 au zaidi. Waya wa moto ukigusa bati la kiyoyozi, umeme utakaoshuka kwenye fimbo hiyo ni 230 gawanya kwa 50, ampea 4.6. Breka ya 16 itaona hizo 4.6 kama kiyoyozi kingine kidogo kinachofanya kazi, na itanyamaza. Bati litabaki na umeme hadi mtu aliguse.

Ndiyo sababu katika nyumba yenye fimbo, breka peke yake haitoshi, na RCD ya miliampea 30, kile kifaa cha kunasa umeme unaovuja, ni ya lazima. Hiyo hulinganisha umeme uliokwenda na uliorudi, na tofauti ikifika hapo inakata ndani ya sehemu ya sekunde. Kwa viyoyozi vya inveta ni vyema iwe ya aina A, kwa kuwa elektroniki za inveta huvujisha umeme wa namna ambayo aina ya zamani, AC, inaweza isiuone sawasawa.

Malalamiko dhidi ya RCD yana msingi. Moja ikilinda nyumba nzima, unyevu kidogo kwenye kiyoyozi unazima na friji, nyama inaoza, na mwenye nyumba anamwita fundi "aiondoe hiyo takataka". Fundi anairuka kwa waya, na kuanzia siku hiyo nyumba haina ulinzi. Suluhisho lenye akili ni breka yenye RCD ndani yake kwa laini ya kiyoyozi peke yake. Ni ghali kuliko breka ya kawaida, lakini fedha hiyo inafanya kazi kubwa kuliko ile ya kutoka waya wa 2.5 kwenda wa 4 mahali pasipouhitaji.

Gadi na stabilaiza

Kuhusu vifaa vya kulinda volti, maneno machache yanatosha. Gadi huichelewesha mashine dakika chache umeme ukirudi, na hilo huiokoa kompresa ya kizamani isiwake ikiwa bado na shinikizo. Stabilaiza husaidia mtaa ambao jioni volti zinashuka, maana mashine ya inveta ya wati 1,150 inayovuta ampea 5 kwa volti 230 huvuta 6.4 kwa volti 180. Vyote viwili vinailinda mashine. Nyumba havilindi, na gadi ya kuchomeka ukutani inaongeza mguso mwingine kwenye safari ya umeme.

Waya wenyewe ni wa kweli?

Hesabu zote za hapo juu zinadhani kilichoandikwa 2.5 ni 2.5, na ni shaba. Sokoni kuna nyaya zilizopunguzwa, na kuna za alumini zilizopakwa shaba juu, ambazo zikikwanguliwa kwa kisu huonyesha weupe ndani. Njia ya haraka ni mizani. Roli ya mita 100 ya waya mmoja wa 2.5 ina zaidi ya kilo 2 za shaba peke yake, na pamoja na plastiki huzunguka kilo 3. Roli inayopima kilo moja na nusu na plastiki yake si 2.5 ya shaba, hata kama ina nembo ngapi. Kama si mita 100, piga hesabu kwa urefu uliopo.

Pwani inaongeza chumvi. Unguja, Tanga au Mombasa, swichi iliyo nje bila boksi la kuzuia maji huota kutu ya kijani kwenye skrubu ndani ya misimu michache, na kutu hiyo ni ukinzani.

Jambo jingine dogo la hatari: rangi. Nyumba za zamani zina nyekundu kwa waya wa moto na nyeusi kwa nyutro, wakati nyaya za mashine mpya ni kahawia na bluu. Fundi aliyezoea upande mmoja anaweza kukisia. Apime, asikisie.

Mizani inaelemea wapi

Nikizipima hoja zote, laini ya peke yake kutoka meinswichi inashinda kwa mashine ya BTU 12,000 na kuendelea, na sababu yake kubwa ni kwamba inapunguza maungio: breka, swichi moja ya ampea 20 inayokata moto na nyutro pamoja, kisha mashine. Ikipita ukutani, na safari si ndefu, waya wa 2.5 na breka ya C16 unatosha hata kwa BTU 18,000, mradi bamba la mashine halisemi vingine. Ikipita darini chini ya bati pamoja na laini nyingine, au ikienda nyumba ya uani, weka wa 4, na breka ibaki 16. Kinachobaki mfukoni kiende kwenye breka yenye RCD na fimbo ya ethi iliyopimwa. Mpangaji mwenye mashine ya 9,000 na asiye na ruhusa ya kuchimbua anunue soketi mpya nzuri na aiachie kiyoyozi peke yake.

Kazi hii ni ya fundi mwenye leseni, ya EWURA kwa Tanzania Bara au ya EPRA kwa Kenya, na kabla ya kumlipa mtake afanye mambo mawili mbele yako. Aminye kitufe cha T cha RCD, na umeme ukatike palepale. Kisha mashine iwake saa moja, naye aguse kifuniko cha swichi kwa mgongo wa kiganja. Uvuguvugu si tatizo. Kikiwa cha moto, izimwe breka hapohapo, skrubu zifunguliwe na zikazwe upya, na usiku huo mlale na feni.